Wakati wa Mbiti na Mwembe wa Ngoliba

Katika *African Religions and Philosophy* (1969), John Mbiti alidai kwamba Mwafrika wa jadi hana wakati ujao wa mbali. Upeo wake hauvuki miaka 2. Ushahidi wake mkuu ni nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu. Dai hili bado hurudiwa kana kwamba limekwisha kuthibitishwa.

Ngoliba, mashariki ya Thika, lugha hizo mbili hukutana. Apandaye mwembe kwa kokwa huko hungoja tunda miaka 5 au zaidi. Je, matarajio yake yapimwe kwa kitenzi? Alfred Schutz alionyesha mwaka 1932 kuwa kitendo hueleweka kutokana na azma ya mtendaji, ambaye hukiwaza kana kwamba kimekwisha kutendeka. Fenomenolojia ya namna hiyo ndiyo iifaayo sayansi ya jamii: huanza na mtu anavyouishi ulimwengu wake, ndipo mtaalamu aunde istilahi. Mbiti aliupindua utaratibu huo. Mofolojia ikageuzwa saikolojia ya bara zima. (Naye alikuwa Mkamba, uenyeji haukumwokoa.)

La kushangaza zaidi, istilahi zake mbili, Sasa na Zamani, alizitwaa katika Kiswahili, lugha yenye kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo, na kiambishi -ta- kisichojua mpaka wa miaka. Kwa nini kesho iliachwa mlangoni? Mhakiki aisomaye riwaya kwa jozi hiyo alijibu swali hili kabla hajamnyima mhusika matumaini.