Stesheni Ndogo Isidharauliwe

Wako wasemao kuwa stesheni ya mji mdogo ni hasara tupu: afadhali ifungwe, magari yaende mbio. Mimi sikubali.

Tazameni La Ciotat, mji mdogo wa pwani, kusini mwa Ufaransa. Reli ya kutoka Marseille kwenda Toulon, ipitayo hapo, ilikamilika mwaka 1859. Baadaye ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walipiga sinema ya gari la moshi likiingia stesheni hiyo, ikaonyeshwa kwa watu mwaka 1896. Haitimizi dakika moja, lakini sifa yake ilienea duniani. Na ndani yake twaona nini? Gari lasimama, milango yafunguliwa, watu washuka na kupanda. Hiyo ndiyo kazi ya stesheni.

Siku hizi magari ya mbio sana hupita hapo bila kusimama. Yasimamayo ni yale ya jimbo, yachukuayo wafanyakazi na wanafunzi kwenda Marseille au Toulon. Huko Ufaransa stesheni nyingi ndogo zimekwisha kufungwa. Mwenye motokaa hajali. Asiye nayo ndiye aumiaye.

Basi, ndugu zangu, tusipime stesheni kwa fedha za tikiti peke yake. Gari lisilosimama halimfai aliyesimama akilingoja.