Mfungwa ni mmoja, wanaoadhibiwa ni wengi



Hakimu anapotoa hukumu ya kifungo hutaja jina la mtu mmoja tu. Lakini mama yake, mkewe na watoto wake nao huanza kifungo chao siku hiyo hiyo, na wao hawana kosa lolote.

Mwishoni mwa miaka ya 1990, jimbo la Virginia nchini Marekani lilifungua jela mbili za ulinzi mkali kabisa, Red Onion na Wallens Ridge, huko milimani. Wengi waliopelekwa walitoka miji ya mbali. Jamaa zao walisafiri saa nyingi ili wawaone kwa muda mfupi tu, na simu za jela zilikuwa ghali mno.

Ng'ambo ya mpaka, katika mji mdogo wa Whitesburg, Kentucky, kuna redio ya jamii, WMMT. Wafungwa waliwaandikia barua watangazaji wake, na jamaa nao wakaanza kupiga simu. Ndipo kikazaliwa kipindi cha Calls from Home. Jamaa hupiga namba isiyo na malipo, salamu zao hurekodiwa, kisha hurushwa Jumatatu usiku. Mfungwa huzisikia kwenye redio yake ndogo humo ndani.

Wapo watakaosema: mhalifu salamu za nini? Nami nauliza: wengi wao si watarudi mitaani? Tungependa arudi yupi, aliyesahauliwa na wote, au anayejua kuna watu wanamngojea? Salamu haipunguzi hata siku moja ya hukumu. Inachofanya ni kuuhifadhi udugu usikatike.

Hata hivyo, redio isiwe kisingizio. Salamu zake huenda upande mmoja, mfungwa hawezi kujibu. Bibi Martha Wright wa Washington, aliyekuwa na mjukuu jela, alianza kudai bei nafuu za simu mwaka 2000. Alifariki 2015. Sheria yenye jina lake ilitiwa saini Januari 2023. Miaka yote hiyo, kwa ajili ya bibi kuzungumza na mjukuu wake!

Enyi wenye redio za mitaa, nusu saa kwa wiki haitawafilisi. Na wewe mwenye ndugu jela, usingoje redio. Mwandikie leo, na mtoto wake naye aongeze mstari mmoja kwa mkono wake.