Jiko la Peleti Bila Betri Ni Pambo

Wasee wa Kitale na Bungoma, tuambiane ukweli. Jiko linalotegemea soketi si jiko la huku kwetu.

Kila siku naskia, "Peleti ndiyo mambo ya kisasa, achana na makaa." Sawa. Peleti zenyewe sina shida nazo. Ni mabaki yaliyosagwa na kukandamizwa, na malighafi tunayo ya kumwaga: magunzi ya mahindi Trans Nzoia, makapi ya miwa Bungoma. Zikiungua vizuri, moshi ni kidogo sana na sufuria haigeuki nyeusi.

Shida iko kwa hilo neno "vizuri". Jiko la aina hii lina kifeni kinachosukuma hewa ndani. Stima ikipotea, kifeni kinasimama lakini moto hausimami. Peleti zinaendelea kufuka bila hewa ya kutosha. Unapata moshi, na pamoja nao kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu. Sasa weka hiyo kwa keja ya chumba kimoja, usiku wa Julai, na baridi ya Kitale unaijua. Madirisha yote yamefungwa. Mimi niliacha chuo, lakini hii haihitaji digrii.

Na msiniambie ati stima haipotei. Agosti, Novemba na Desemba 2023, giza lilifunika karibu nchi nzima. Mei na Septemba 2024, tena. Hizo ni zile zilifika kwa habari. Transfoma ya mtaa wenu ikilipuka, nani hutangaza?

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba dawa ni rahisi. Hicho kifeni kinakula wati chache tu. Betri ndogo inayochajiwa na sola inatosha. Mtu akikuuzia jiko bila hiyo, ameamua usalama wako ni gharama ya kupunguza.

Utaniuliza, "Kwani makaa hayaui?" Yanaua, ukijifungia nayo. Ndiyo maana sioni kwa nini tununue hatari ileile kwa bei ya juu.

Kwa hivyo kabla utoe doh, mwambie muuzaji achomoe waya maharagwe yakiwa motoni. Akianza hadithi, shika njia. Na kama tayari unalo, stima ikienda usiongeze peleti. Fungua mlango na madirisha, watoto watoke nje, na usilale nalo ndani hata likionekana limezima.

Kisasa ni kitu kinachofanya kazi hata gizani.