Ardhi ya Umma na Wasio na Ardhi

Kila inapotolewa amri ya kuwaondoa wananchi katika ardhi ya Serikali, neno "wavamizi" hutangulia. Likishatamkwa, maswali hukoma na kazi inayobaki ni ya tingatinga. Hayo maswali hayana budi kuulizwa, na wa kwanza kuyauliza ni watumishi wa umma wanaokabidhiwa amri hizo wazitekeleze.

Sheria za Ardhi za mwaka 1999, Na. 4 na Na. 5, zinatamka kwamba ardhi yote ya Tanzania ni mali ya umma, na Rais ni mdhamini kwa niaba ya wananchi wote. Mdhamini huitunza mali ya wenzake. Haigeuzi ikawa yake. Mkulima asiye na shamba anapolima katika ardhi ya umma huenda amevunja utaratibu, lakini si mgeni katika mali hiyo.

Historia inaonya. Wilayani Hanang, tangu miaka ya 1970, mashamba ya ngano ya Shirika la Taifa la Kilimo na Chakula (NAFCO) yalichukua malisho ya wafugaji wa Kibarabaig. Wanakijiji wa Mulbadaw walishinda kesi katika Mahakama Kuu, lakini mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ilitengua ushindi huo kwa kuwa hawakuthibitisha kisheria kwamba ardhi ilikuwa yao. Waliochunga hapo kabla ya trekta la kwanza kufika wakahesabiwa kuwa hawana haki yoyote pale.

Lipo na funzo la pili. Januari 2019, Hayati Rais John Magufuli alisimamisha uondoaji wa vijiji vilivyodaiwa kuwa ndani ya hifadhi. Mwaka huo huo ikatangazwa kwamba vijiji 920 kati ya 975 vyenye migogoro ya aina hiyo vitabaki. Vilikuwamo vijiji vilivyosajiliwa na Serikali yenyewe. Haiwezekani mwananchi atambuliwe siku ya kupiga kura na siku ya kuchangia ujenzi wa shule, kisha akanwe siku ya kupima mipaka. Walimu wa vijijini wanalijua jambo hili vizuri: nyumba ya mzazi ikivunjwa, dawati la mtoto hubaki tupu.

Hayo hayahalalishi kila uvamizi. Vyanzo vya maji na misitu vikiangamia, maskini ndiye wa kwanza kuumia. Tena wapo wenye fedha wanaojificha nyuma ya wasio na ardhi, wakawatanguliza kufyeka pori ili baadaye walinunue kwa bei ya kutupa. Hao wasionewe huruma hata kidogo.

Kuwatenganisha watu hao na maskini wa kweli ni kazi ya afisa ardhi na halmashauri ya kijiji, na kazi hiyo ifanywe kabla ya amri, si baada yake. Daftari la usajili likaguliwe. Mwenye haki alipwe fidia kamili, ya haki na kwa wakati. Mashamba pori yaliyorudishwa serikalini wagawiwe kwanza wasio na ardhi. Asiyestahili kubaki aonyeshwe mahali pa kwenda na apewe nafasi ya kuvuna alichopanda. Kumhamisha mtu bila kumwonyesha pa kwenda ni kuuhamisha mgogoro kutoka wilaya moja hadi nyingine.