KAMERA ILETWE UMATUMBINI

Wako wasemao kwamba Vita vya Maji Maji ni mambo ya kale, yaachwe yalale. Sisi twauliza: yatalalaje, na wafu wenyewe hawajazikwa? Mwenye kovu usidhani kapoa.

Mwezi wa Februari 2024, Cece Mlay, binti wa Tanzania, na mwenzake Mjerumani, Agnes Lisa Wegner, walionyesha mjini Berlin senema yao iitwayo The Empty Grave, maana yake kaburi tupu. Senema hiyo yafuata jamaa za mashujaa walionyongwa na Mdachi, wakitafuta vichwa vya wazee wao vilivyopelekwa Ujerumani. Mmoja wa mashujaa hao ni Nduna Songea Mbano, aliyenyongwa mwaka 1906. Hiyo si hekaya, ndugu wasomaji. Mwaka 2023 wataalamu wa Berlin wenyewe walitangaza kuwa wamechunguza mafuvu yapatayo 1,100 yaliyotoka Afrika ya Mashariki.

Twawapongeza waliotengeneza senema hiyo. Lakini moto wa Maji Maji uliwashwa wapi? Uliwashwa kwetu Kilwa, katika vilima vya Umatumbi. Mwishoni mwa Julai 1905 watu wa Nandete waling'oa pamba waliyolazimishwa kulima. Tarehe 4 Agosti Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe akanyongwa Mohoro. Na miaka kumi kabla yake, Hassan bin Omari Makunganya alikwisha kunyongwa Kilwa Kivinje. Mdachi alichoma mashamba na maghala, na njaa ikaua watu wengi kuliko bunduki. Wako wanaokadiria kuwa waliokufa walifika 300,000.

Vita vilikwisha 1907. Miaka miwili tu baadaye, watu wa Lindi walikuwa wakibeba vichwani mifupa ya mijusi mikubwa ya Tendaguru mpaka bandarini. Mjusi mmoja amesimama Berlin hata leo, na watu hulipa kiingilio kumtazama. Mdachi alijua kuhifadhi mifupa, bali hakujua kuheshimu watu.

Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, aliomba radhi mjini Songea. Vyema. Lakini radhi ya mdomo haijazi kaburi.

Mwaka 1968 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikwenda vijijini kuandika habari kwa wazee walioviona vita hivyo. Wazee hao hawapo tena. Waliobaki ni wajukuu, nao pia wanazeeka. Kila mmoja azikwapo, tunazika na ushahidi.

Basi twadai kamera iliyowafuata watu wa Songea ije pia Nandete, Ngarambe na Kilwa Kivinje. Vijana wetu waishike wenyewe. Wazee waseme Kimatumbi na Kiswahili, wala asiwepo wa kuwasemea. Na senema hiyo ionyeshwe kwanza uwanjani Kilwa, ndipo ipelekwe Berlin. Asiyesimulia habari zake, atasimuliwa na aliyemshinda.