Spika Tano kwa Sauti Moja

Mwaka 1976 Mfaransa Jean-Michel Jarre alirekodi nyumbani kwake Paris, kwa mashine ya njia nane, albamu ya sintesaiza iitwayo Oxygène. Mwaka 2007 aliipiga upya yote kwa ala zake za zamani, na likatolewa toleo lenye sauti zinazomzunguka msikilizaji. Wapo wanaolishika tendo hilo kama fatwa: ikiwa mwenyewe kafanya, kwa nini taarab kongwe ya Unguja isirejewe hivyo hivyo, ili vijana waondokane na mikwaruzo ya santuri?

Hoja hiyo ina ila tangu mzizi wake. Jarre alirejea kazi yake kwa mikono yake mwenyewe. Tena sauti ya sintesaiza huingia kwenye utepe kwa waya. Hakuna ukumbi uliokuwapo, basi hakuna ukumbi wa kusingiziwa. Siti binti Saad hakuimba ndani ya waya. Alivuka bahari hadi Bombay mwaka 1928, akaimba mbele ya wapigaji wake, na santuri ikashika yote kwa njia moja tu. Alifariki mwaka 1950. Leo zipo programu za kompyuta zinazoweza kuikwanyua sauti ya mwimbaji kutoka kwenye ala. Lakini ni nani atakayeamua kwamba fidla ikae nyuma ya kisogo cha msikilizaji? Bila shaka fundi wa studio, ambaye Siti hakupata kumwona.

Taarab ina adabu yake ya kukaa. Wapigaji wako mbele, hadhira imewaelekea. Aliyeguswa na ubeti huinuka, akapita mbele za watu kwenda kumtunza mwimbaji. Kumtia msikilizaji katikati ya ganuni na dumbak ni kumkalisha asipopata kukaa mgeni yeyote. (Mpiga udi, kweli, aliisikia hivyo; lakini yeye hakuwa akinunua santuri.)

Nyimbo hizi, tena, hazikuishia pwani. Utemini, mjini Singida, kwenye majabali na maziwa ya magadi, bahari haionekani wala hainuki. Kwa miongo mingi nyimbo za pwani zilifika bara kama hilo kwa masafa ya redio, na redio yenyewe ilikuwa na spika moja, pengine na betri zilizokwisha kuanikwa juani mara mbili. Msikilizaji wa namna hiyo hakudhulumiwa. Maneno yalimjia kutoka mahali pamoja, kama yatokavyo kinywani; akahesabu mizani, akangoja kina, akapambana na fumbo. Ukumbi aliujenga mwenyewe. Mtungaji anayejua kazi yake anamtegemea msikilizaji huyu hasa. Zungusha waitikiaji huku na huku, na fumbo litapita kama gari la mtaa wa pili. Tena leo mtu huyo huyo wa Utemini husikiliza kwa simu ya mkononi. Spika tano anatengenezewa nani?

Haina maana kwamba nyimbo za kale zisiguswe. Bi Kidude, aliyefariki mwaka 2013, aliziimba za Siti miaka mingi kwa koo lake lenye mchanga, wala hakuna aliyemdhania kuwa Siti. Mfululizo wa Zanzibara, ulioanza kutolewa Ufaransa mwaka 2005, ulikusanya katika juzuu ya pili taarab ya Mombasa ya 1965 hadi 1975, na rekodi zikabaki rekodi za Mombasa. Huko ndiko fedha zielekee: kwenye tepu zinazobanduka sumaku makabatini, ambazo kila msimu wa mvua huzidi kuzipunguza.

Anayetaka kupiga upya na apige. Aandike jaladani mwaka wake, majina ya wapigaji wake na jina la fundi aliyezipanga spika. Na ile ya 1928 iendelee kupatikana, na mikwaruzo yake, kwa bei isiyozidi ya ile mpya.