Msumbiji: Gesi ya Cabo Delgado na bei ya hatari

Kampuni ya Ufaransa ya TotalEnergies ilipoondoa, Novemba 2025, tangazo la dharura lililokuwa limeusimamisha mradi wake wa gesi kaskazini mwa Msumbiji kwa zaidi ya miaka minne, habari hizo zilipokewa mjini Maputo kwa faraja. Lakini kampuni haikurudi mikono mitupu. Iliitaka serikali itambue gharama za ziada za dola bilioni 4.5 zilizotokana na kusimama kwa kazi, na iuongeze kwa miaka 10 muda wa kuendeleza na kuzalisha gesi hiyo. Nyuma ya madai hayo kuna swali lisilosikika sana katika hotuba za wanasiasa: hatari ya kuwekeza Cabo Delgado ina bei gani, na ni nani anayeipanga?

Ndani ya makampuni bei hiyo huandikwa kwa namba moja tu, inayoitwa kiwango cha punguzo. Msingi wake ni rahisi. Dola itakayopatikana miaka mingi ijayo haina thamani ya dola iliyo mkononi leo, na kadiri mapato yanavyokuwa ya mashaka ndivyo yanavyopunguzwa zaidi. Kwa kiwango cha asilimia 8, dola bilioni moja inayotarajiwa baada ya miaka 20 ina thamani ya takriban dola milioni 215 leo. Kiwango kikipanda hadi asilimia 12, inabaki milioni 104. Kikifika asilimia 15, ni milioni 61. Visima ni vilevile na gesi ni ileile. Kilichobadilika ni namba iliyochaguliwa katika chumba cha mkutano, pengine mjini Paris.

Namba hiyo hupatikanaje? Nadharia inayotumiwa zaidi ilianzia katika kazi ya Mmarekani William Sharpe, iliyochapishwa mwaka 1964 na kumpatia Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 1990. Huanzwa na faida ya hatifungani za serikali ya Marekani, zinazochukuliwa kuwa salama, kisha huongezwa malipo kwa kadiri mradi unavyoyumba pamoja na uchumi wa dunia. Kwa nchi kama Msumbiji makampuni huongeza tabaka la tatu, yaani nyongeza ya hatari ya nchi. Aswath Damodaran, profesa wa Chuo Kikuu cha New York, hutoa kila Januari jedwali la nyongeza hizo. Huchukua tofauti kati ya riba inayodaiwa serikali ya nchi husika na ile ya mkopaji salama, kisha huikuza kwa sababu hisa huyumba kuliko hatifungani. Jedwali lake hunakiliwa kila mahali. Tahadhari zake, hasa ile inayosema kwamba makampuni mawili ndani ya nchi moja hayakabiliwi na hatari sawa, hunakiliwa kwa nadra.

Kwa Msumbiji tahadhari hiyo ndiyo kiini cha mambo. Nchi hiyo imehesabiwa miongoni mwa wakopaji dhaifu tangu mwaka 2016, ilipofichuka kashfa ya mikopo ya takriban dola bilioni 2, ambayo sehemu yake kubwa ilikuwa imefichwa bunge na wafadhili. Shirika la Fedha la Kimataifa, IMF, lilisitisha msaada wake. Lakini madeni ya hazina mjini Maputo yana uhusiano gani na gesi itakayouzwa nje kwa dola, kwa mikataba ya muda mrefu? Uhusiano upo, kwa kuwa serikali iliyofilisika hushawishika kubadili kodi katikati ya safari. Hata hivyo, kuichukua riba ya serikali na kuibandika juu ya kisima ni kukiadhibu kisima kwa makosa ya hazina.

Ushahidi wa baharini

Mradi wa Coral Sul unaoendeshwa na kampuni ya Italia ya Eni uko katika bonde lilelile la Ruvuma na chini ya serikali ileile. Tofauti ni kwamba kiwanda chake kinaelea mbali na pwani, juu ya maji yenye kina cha takriban mita 2,000. Wapiganaji walipouvamia mji wa Palma Machi 24, 2021, na wafanyakazi wa mradi wa TotalEnergies katika rasi jirani ya Afungi wakaondolewa, kiwanda cha Eni kilikuwa bado kinaundwa Korea Kusini, na kazi haikusimama. Shehena yake ya kwanza ya gesi iliondoka Novemba 2022, wakati Afungi kukiwa kumefungwa. Oktoba 2025 Eni na washirika wake wakaidhinisha kiwanda cha pili cha aina hiyo, Coral Norte, kwa dola bilioni 7.2.

Nchi ni moja, vita ni vilevile, na matokeo yametofautiana kwa miaka. Mchambuzi ambaye angeipa miradi yote miwili kiwango kimoja kwa sababu tu yote iko Msumbiji angekuwa amekosea mara mbili: angeipa hatari ya Afungi bei ndogo mno, na ya Coral Sul bei kubwa mno.

Kuna kasoro nyingine, na hii inahitaji hesabu kidogo. Kampuni inayotumia asilimia 8 katika nchi tulivu, ikapandisha hadi asilimia 12.5 kwa Msumbiji, inakuwa imesema bila kutamka kwamba kila mwaka kuna uwezekano wa asilimia 4 wa mradi kupotea wote, bila fidia wala bima. Hatari hiyo ikirudiwa kwa miaka 30, mradi unabaki na nafasi isiyofika thuluthi moja ya kuufikia mwisho wake. Ni vigumu kumfikiria mkurugenzi ambaye angetia saini mradi wa dola bilioni 20 baada ya kuambiwa hivyo waziwazi. Likiandikwa kwa sura ya asilimia 12.5, jambo lilelile hupita kimya.

Kilichotokea Afungi hakikufanana na picha hiyo. Pigo lilikuja mara moja, wakati wa ujenzi, na halikuchukua gesi iliyo chini ya bahari, lilichukua muda. Gesi iliyopangwa kuanza kutoka mwaka 2024 sasa inatarajiwa mwaka 2029. Kwa kiwango cha asilimia 12, mapato yaleyale yakichelewa miaka mitano hupoteza takriban asilimia 43 ya thamani yake ya leo. Kwa asilimia 8, hupoteza asilimia 32. Ni hasara nzito, lakini uzito wake uko mwanzoni. Kiwanda kikishakamilika na meli zikaanza kupakia, sura ya hatari hubadilika, ilhali kiwango kikubwa cha punguzo huendelea kuitafuna miaka ya mbali kana kwamba Palma huvamiwa kila mwaka.

Njia iliyo wazi zaidi ni kuiandika hatari ndani ya mapato yenyewe: mradi ukienda kama ulivyopangwa, ukichelewa, au ukikatika, kila hali na uwezekano wake. Kiwango cha punguzo hubaki kubeba yale yanayomgusa kila mwekezaji popote alipo, kama vile kupanda na kushuka kwa bei ya nishati. Nadharia ya Sharpe yenyewe inaelekea huko, kwani mwenye hisa katika makampuni mengi hudai malipo kwa misukosuko ya dunia nzima, na shambulio katika wilaya moja ya Cabo Delgado halitikisi masoko ya London na Tokyo kwa pamoja.

Kwa nini basi makampuni hayafanyi hivyo? Utafiti wa John Graham na Campbell Harvey wa Chuo Kikuu cha Duke, uliochapishwa mwaka 2001 baada ya kuwahoji wakuu wa fedha 392, ulionyesha kwamba karibu asilimia 60 wangetumia kiwango cha kampuni nzima hata wanapoupima mradi wa nchi ya kigeni. Uvivu ni sababu moja. Sababu nyingine ni ya busara: wakurugenzi wanajua kwamba wahandisi hupenda miradi yao, na kiwango kikubwa ni kinga dhidi ya makadirio matamu. Kinga hiyo, hata hivyo, gharama yake huangukia pia mtu ambaye hakuwa mezani.

Miaka kumi ya nyongeza

Hapa ndipo dai la TotalEnergies linapopata maana nyingine. Chukuliwe mfano wa mapato ya dola bilioni moja kwa mwaka kwa miaka 10, kuanzia mwaka wa 31 hadi wa 40. Kwa kiwango cha asilimia 12, bilioni hizo 10 zina thamani ya takriban dola milioni 190 leo. Kwa asilimia 8, ni karibu milioni 670. Kampuni inayodai kwamba hatari ya Msumbiji ni kubwa mno isingepaswa kuihangaikia miaka hiyo. Kuihangaikia kwake ni dalili kwamba kiwango kinachotumika wakati wa kuomba nafuu huenda si kile kinachotumika wakati wa kupima faida.

Serikali nayo ina udhaifu wake. Hazina iliyobanwa na madeni huiona miaka ya mbali kuwa ya bei rahisi, hivyo huitoa bila maumivu. Na katika mikataba ya gesi miaka hiyo ndiyo yake hasa, kwa kuwa makampuni hurudisha kwanza gharama zao na fungu la serikali hukua baadaye. Kwa mamia ya maelfu ya wakazi wa Cabo Delgado waliokimbia makazi yao tangu vita vianze Oktoba 2017, hakuna jedwali linalopanga bei ya hatari waliyoibeba.

Hata wakopeshaji hawasomi hatari hiyo kwa jicho moja. Machi 2025 benki ya serikali ya Marekani inayogharimia mauzo ya nje, EXIM, iliidhinisha upya mkopo wa dola bilioni 4.7 kwa mradi huo. Desemba mwaka huohuo Uingereza ilijiondoa na dola zake bilioni 1.15, ikisema hatari zimeongezeka tangu mwaka 2020. Siasa za Washington na London zilikuwa na sehemu yake, na hilo lenyewe linaonyesha ni kiasi gani namba hizi zinavyoweza kunyumbulika.

Ng'ambo ya mto Ruvuma, Tanzania ina sababu ya kufuatilia. Mradi wake wa gesi wa Lindi, unaokadiriwa kugharimu dola bilioni 42, umesuasua katika mazungumzo kwa miaka, na Januari 2021 kampuni ya Norway ya Equinor ilifuta dola milioni 982 katika vitabu vyake kwa kuona mradi huo haushindani vya kutosha na miradi yake mingine. Hatari ya mpakani si ya kubuni: Oktoba 2020 wapiganaji walivuka mto na kukishambulia kijiji cha Kitaya mkoani Mtwara. Visima vya Tanzania viko kilindini, kama vile vya Eni. Kiwanda, kwa mpango uliopo, kitajengwa nchi kavu, kama kile cha Afungi. Wanaojadiliana na makampuni kwa niaba ya Dodoma wanayo haki ya kuomba waonyeshwe hatari ya kila sehemu peke yake, kiwango kilichotumika, na tabaka zilizokijenga, kabla ya kujadili ni kodi ipi isamehewe kwa jina la hatari hiyo.